Jaji Aliyeingia Bungeni

Reli ya Uganda ilikuwa ingali ikijengwa kutoka Mombasa kuelekea Voi na bara, mwaka 1897, mwanasheria kijana wa Kiingereza alipoanza kazi ya usajili wa mahakama mjini Mombasa. Jina lake lilikuwa Robert William Hamilton. Alizaliwa mwaka 1867, akasoma Cambridge, na mwaka 1895 akakubaliwa kuwa wakili. Kazi ya usajili ni ya kupokea hati na kutunza majalada, wala haina sifa nyingi. Lakini kutoka meza ile alipanda hata akawa Jaji Mkuu wa Himaya ya Afrika ya Mashariki. Alikaa katika kiti hicho zaidi ya miaka 10, mpaka mwaka 1920, naye alipewa cheo cha Sir.

Hukumu yake inayokumbukwa kuliko zote ni ya mwaka 1917, katika kesi ya Amkeyo. Mtu huyo alishitakiwa kwa kukutwa na mali ya wizi, na shahidi mmoja juu yake alikuwa mwanamke aliyemwoa kwa mila. Sheria ya Ushahidi ya Uhindi ya mwaka 1872, iliyotumiwa hapa, ililinda maneno wanayoambiana mume na mke. Je, mwanamke huyu alikuwa mke? Hamilton alijibu kwamba sivyo. Kwa maoni yake mapatano yale hayakustahili kuitwa ndoa; yalikuwa ununuzi wa mke, kwa kuwa mwanamke hakuwa na hiari yake na mume aliweza kuoa wengine.

Mtu na afikiri maana yake katika milima ya Taita. Misheni ya CMS ilifika Sagalla mwaka 1883, na Wakatoliki walifika Bura mwaka 1892, basi walikuwako waliofunga ndoa kanisani kwa sheria ya Serikali. Siri ya watu hao ililindwa mahakamani. Jirani yao, ambaye wazee wa pande zote mbili walikaa siku nyingi wakipatana juu ya ng'ombe na mbuzi, mkewe angeweza kulazimishwa kueleza kila neno lililosemwa jikoni usiku. Jaji alikuwa hodari wa sheria za kwao, lakini mahari aliitazama kwa macho ya mtu wa sokoni. Mzee yeyote wa Taita angalimweleza kwamba ng'ombe wale hufunga koo mbili, na kwamba kitu kilichonunuliwa hakina wajomba wa kukitetea.

Aliporudi kwao Hamilton aliingia siasa. Mwaka 1922 watu wa visiwa vya Orkney na Shetland, kaskazini kabisa ya Uskoti, walimchagua kuwa Mbunge wa chama cha Liberali. Mwaka 1931 hadi 1932 alikuwa msaidizi wa Waziri wa Makoloni. Alishindwa katika uchaguzi wa mwaka 1935, akafariki mwaka 1944.

Hukumu yake iliishi kuliko yeye. Sheria ya Ushahidi ya Kenya ya mwaka 1963 ndiyo iliyotamka kwamba maneno mume na mke yahusu pia ndoa za mila. Nayo Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 ikazipa ndoa hizo hadhi sawa na nyingine zote, ziandikishwe kwa Msajili na kupewa cheti.