Serikali Isiyopiga Hodi



Kila yakizungumzwa mambo ya serikali kusikiliza simu za watu, hakosi mmoja wa kusema: "Kama huna la kuficha, unaogopa nini?" Mimi wa kumjibu nimempata mbali, msanii wa Kichina, Ai Weiwei.

Tarehe 3 Aprili 2011 alikamatwa uwanja wa ndege wa Beijing, akazuiliwa siku 81. Askari wawili walikaa naye chumbani usiku na mchana. Akilala wamo, akioga wamo, hata chooni. Alipotoka alitengeneza masanduku 6 ya chuma, ndani yake sanamu zake na za walinzi wake, yakaonyeshwa kanisani Venice mwaka 2013. Kuyaona lazima uchungulie kwenye kitundu. Basi unamchungulia mwanamume wa watu chooni, na wewe ndiye askari wa tatu!

Sisi Surat Al-Hujurat imetukataza kupelelezana. Surat An-Nur imetaka hata watoto wa nyumbani waombe ruhusa ya kuingia, nyakati tatu za siku. Tunapiga hodi mara tatu, tusipoitikiwa tunarudi, na mwenye nyumba hatumuulizi anaficha nini. Stara yake ni haki yake. Sioni kwa nini mwenye cheo asamehewe hodi.

Lililonitatiza ni hili. Aprili 2012 Ai alifunga kamera 4 nyumbani kwake mwenyewe, moja juu ya kitanda, akairushia dunia nzima kwenye intaneti. Haukupita muda akaamriwa azizime. Nilicheka, maana walioweka kamera nje ya lango lake ndio waliokereka! Lakini kitandani, hapana. Stara waliyomvua wao, asingeimalizia yeye.

Maua ndiyo niliyoyapenda. Walikuwa wamemzuilia pasi yake ya kusafiria. Kuanzia tarehe 30 Novemba 2013, kila asubuhi aliweka maua mabichi kwenye kikapu cha baiskeli nje ya lango, kamera zikimtazama. Hakutukana mtu. Sisi wenye kutunga vikuba vya asumini tunajua ua la jana halifai leo, lazima uamke uchume tena. Aliweka hivyo hivyo mpaka Julai 2015, siku aliyorudishiwa pasi yake.