Kivu: Imla ya Kifaransa si kipimo cha akili ya mtoto aliyekimbia vita

Wanaotaka mashindano ya imla ya inchi nzima kwa wanafunzi wa shule za msingi wajibu kwanza: kwa lugha gani? Katiba ya 2006 inataja lugha ine za taifa, Kiswahili kikiwemo. Lakini imla ni Kifaransa tu, ambamo sauti moja ya «o» inaandikwa o, au, ama eau. Mtoto aliyekimbia Masisi na kupoteza mwaka wa masomo ataijulia wapi, bila kitabu, bila hata daftari? Kiswahili, kinachoandikwa jinsi kinavyosikika, anakiweza, hakuna anayemuuliza. Basi mshindi anajulikana mbele ya kalamu kushikwa: mtoto wa mjini anayesikia Kifaransa nyumbani. Serkali itoe imla katika lugha zote tano, na madaftari yatangulie kufika kambini.