Barua ya wazi kwa Waziri wa Ardhi: Fedha zitangulie uthamini

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Ardhi, Nyumba na Maendeleo ya Makazi,
Dodoma.

YAH: FIDIA YA ARDHI INAYOTWALIWA KWA MANUFAA YA UMMA

Mheshimiwa Waziri,

Sipingi barabara, reli wala uwanja wa ndege. Nakubali kwamba ardhi yote ya Tanzania ni mali ya umma chini ya udhamini wa Rais, na kwamba ipo siku shamba la mmoja litapisha njia ya wengi. Ombi langu ni moja: Serikali isithamini mali ya mtu kabla ya kutenga fedha za kumlipa.

Tatizo letu kubwa si kukosa sheria. Ibara ya 24 ya Katiba inalinda mali ya kila mtu na kutaka atakayenyang'anywa alipwe fidia inayostahili. Mwaka 1994, katika kesi ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba haki ya kimila juu ya ardhi nayo ni mali, na kwamba aliyeihangaikia ardhi hiyo anastahili fidia hata kama hakuacha jengo juu yake. Sheria ya Ardhi ya 1999 ikataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe mapema. Kanuni za 2001 zikaichambua: ardhi kwa bei ya soko, posho ya usumbufu, pango la miezi 36, usafiri wa tani 12 za mizigo, na faida anayoikosa mwenye biashara. Ukilinganisha na Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967, ambayo haikutaka kulipia ardhi tupu, hiyo ni hatua kubwa.

Haki hiyo yote inapotelea kwenye muda. Wathamini wakishapita, nyumba zikaandikwa namba na picha zikapigwa, mwenye eneo anaambiwa asiendeleze chochote. Choo kikititia anaogopa kukijenga upya. Shamba analima mahindi ya msimu mmoja tu, kwa kuwa mche wa mkorosho hautahesabiwa. Benki haiwezi kumkopesha kwa dhamana ya nyumba itakayobomolewa, na mpangaji mwenye akili anatafuta chumba kwingine. Mtu huyu hajalipwa, hajahamishwa, wala haruhusiwi kuishi kama alivyokuwa akiishi jana.

Wakazi wa Kipunguni, Dar es Salaam, wanalijua hili kuliko mimi. Walithaminiwa mwaka 1997 kupisha upanuzi wa uwanja wa ndege, pamoja na majirani zao wa Kipawa na Kigilagila. Zaidi ya miaka 20 baadaye walikuwa bado wanadai, na madai yao yakisikika bungeni. Mtoto aliyezaliwa mwaka wa uthamini alifikia umri wa kupiga kura huku wazazi wake hawajui kama wazibe bati linalovuja au wasubiri.

Najua Bunge lilijaribu kutibu jeraha hili. Kwa Sheria ya Uthamini na Usajili wa Wathamini ya 2016, fidia ikichelewa zaidi ya miezi 6 inadaiwa riba, na uthamini ukipita miaka 2 tangu Mthamini Mkuu wa Serikali auidhinishe, uhai wake unakwisha. Lakini riba inafuata viwango vya benki, na bei ya viwanja haifuati benki. Uvumi wa mradi ukishaenea, maeneo ya jirani, ambako hao wanaohamishwa watakwenda kutafuta kiwanja, ndiyo yanayopanda bei kwanza. Fedha iliyotosha nusu eka siku ya uthamini inaweza isitoshe kiwanja kimoja siku ya malipo.

Maofisa wako watakujibu kwamba wananchi nao ni wajanja: kuna tegesha. Ni kweli. Nyamongo, kando ya mgodi wa North Mara, vibanda na miche vimekuwa vikichomoza usiku ili vihesabiwe asubuhi. Sitetei udanganyifu huo. Lakini tegesha hustawi katika nafasi iliyopo kati ya tangazo la mradi na malipo. Kadiri nafasi hiyo inavyorefuka, mjanja anapata muda wa kutegesha, na mwaminifu aliyetii amri ya kutoendeleza ndiye anayebaki na nyumba inayooza.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, naomba mambo matatu.

Kwanza, taasisi yoyote inayotaka ardhi iweke makadirio ya fidia kwenye Mfuko wa Fidia ya Ardhi, ambao Sheria ya Ardhi ya 1999 imekwisha kuuanzisha, kabla mthamini hajaingia mtaani. Usikubali jibu kwamba kiasi hakijulikani kabla ya uthamini. Mradi usiokadiria gharama ya ardhi yake haujapangwa. Kikizidi kirudishwe, kikipungua kiongezwe.

Pili, uthamini ukifa, mwenye mali apewe barua inayomwambia kwamba yuko huru kujenga, kupanda na kupangisha, na alipwe hasara ya miaka aliyofungiwa. Leo anabaki kusikiliza fununu kwa mwenyekiti wa mtaa.

Tatu, kila anayethaminiwa apewe nakala ya hesabu yake, kwa Kiswahili: ukubwa wa eneo, bei iliyotumika, kila posho, na kiasi kilichokatwa kwa uchakavu wa nyumba. Anayeambiwa jumla tu hawezi kukata rufaa, atabaki kunung'unika.

Hazina itasema haya ni ghali. Kuthamini watu walewale mara mbili, kulipa riba na kusimamisha mkandarasi kwa amri ya mahakama ni ghali zaidi, na gharama hiyo tunailipa sasa. Toa waraka: pasipo fedha mkononi, pasiwe na uthamini. Taasisi isiyoweza kulipa leo imwache mtu aendelee kulima shamba lake hadi itakapoweza.

Wako katika ujenzi wa Taifa,

Mwananchi,
Dar es Salaam.