Mama Mzazi Aliyegeuzwa kuwa Mama wa Kambo



Wapendwa, wapo wanaotaka ngano za kale ziondolewe kila lenye kutisha kabla ya kusomwa kwa watoto. Usafishaji huo, nasema, ulikwisha kufanywa zamani, na madhara yake yamewapata wasio na hatia.

Ndugu wawili Wajerumani, Jacob na Wilhelm Grimm, walichapisha mkusanyo wao wa kwanza mwaka 1812. Humo, malkia anayemhusudu Snow White kwa uzuri wake, hata akaagiza auawe na kuletewa mapafu na ini lake ayale, ni mama aliyemzaa. Anayeshauri Hansel na Gretel watelekezwe msituni wakati wa njaa ni mama yao vilevile. Toleo la 1819 likamfanya malkia kuwa mama wa kambo. Lile la 1840 likafanya vivyo hivyo kwa mama wa Hansel na Gretel. Baba yao, aliyelikubali shauri na kwenda nao msituni, akaachwa baba mzazi, na mwishoni anakumbatiwa!

Bruno Bettelheim, katika kitabu chake cha 1976 kuhusu saikolojia ya ngano, alimtetea mama wa kambo wa hadithini: humwezesha mtoto kumkasirikia mama anayemkaripia pasipo kumpoteza mama mwema moyoni. Hoja hiyo ina uzito kwa mtoto anayependwa. Lakini yule anayepigwa na kunyimwa chakula na mama aliyemzaa, amwambie nani? Ameshasimuliwa kwamba mama mzazi hatendi hayo; basi hudhani kosa ni lake, naye hunyamaza. Na mwanamke anayewalea kwa uaminifu watoto wa mumewe amekwisha kuhukumiwa kabla hajainjika chungu cha kwanza.

Msiniambie kwamba hivyo ndivyo heshima ya mama inavyolindwa. Nabii Isaya, katika sura ya 49, hakuogopa kukiri kwamba hata mama aweza kumsahau mtoto wa tumbo lake. Wala amri ya nne haikutolewa ili kufunika maovu ya wazazi.

Ninyi walimu wa katekisimu, nanyi wazazi msimuliao ngano hizi jioni, zisimulieni kama zilivyokuwa mwaka 1812. Mtoto akiuliza, "Ni mama yake kweli?", mjibuni kwamba ndiyo. Kisha nyamazeni kidogo, mumpe nafasi ya kusema.