Alisota jela, akapata 86% ya kura, kisha akatoka nduki: Somo la Zviad Gamsakhurdia

Novemba 2024 serikali ya Georgia iliposimamisha mazungumzo ya kujiunga na Umoja wa Ulaya hadi 2028, watu walijaa barabara ya Rustaveli jijini Tbilisi, mbele ya bunge.

Sasa skiza. Kwa jengo hilo hilo, Desemba 1991, rais wa kwanza kuchaguliwa na wananchi wa Georgia alikuwa amejificha chini ya ardhi, mabomu yakinyesha.

Jina lake Zviad Gamsakhurdia. Na huyu hakuwa dikteta wa kuzaliwa, alikuwa mtetezi wa haki.

Mtoto wa Konstantine Gamsakhurdia, mwandishi mkubwa, angeweza kula maisha tu. Badala yake alianza kusumbua Wasovieti akiwa kijana. Miaka ya 70, yeye na beste yake Merab Kostava walianzisha kikundi cha kufuatilia haki za binadamu. Wakashikwa 1977.

Hapa ndipo doa la kwanza lilipoingia. 1978 Gamsakhurdia alionyeshwa kwa TV akijutia makosa yake, akapunguziwa adhabu. Kostava alidinda, akakaa ndani hadi 1987.

Tarehe 9 Aprili 1989 wanajeshi wa Sovieti waliua waandamanaji kama 20 pale Rustaveli, wengi wao wanawake. Kuanzia hapo hakukuwa na kurudi nyuma. Kostava alikufa kwa ajali ya gari mwaka huo, Gamsakhurdia akabaki sura ya mapambano. Aprili 1991 akatangaza uhuru, na Mei akachukua urais kwa zaidi ya asilimia 86.

Miezi saba baadaye kikaumana.

Shida ilikuwa nini? Jamaa aliendesha nchi kama bado yuko kwa upinzani. Kila aliyempinga aliitwa msaliti au kibaraka wa Moscow. Giorgi Chanturia, kiongozi wa upinzani, akatupwa ndani. Bunge aliloliongoza kabla ya kuwa rais lilikuwa limefuta mamlaka ya ndani ya Ossetia Kusini, vita ikalipuka. Hadi Tengiz Kitovani, mkuu wa jeshi lake mwenyewe, akamgeuka.

Lakini tusimuonee. Hakung'olewa kwa kura, aling'olewa kwa bunduki. Januari 1992 akatoroka, akaishia Chechnya. Na waliompindua walimleta nani? Eduard Shevardnadze, aliyekuwa bosi wa chama cha Kikomunisti Georgia wakati Gamsakhurdia anafungwa!

1993 alirudi kupigana, akashindwa. Tarehe 31 Desemba alikufa kwa risasi kijijini Khibula. Kujiua ama kuuawa? Hadi leo watu wanabishana. Mwili ulizikwa Chechnya, na 2007 ukaletwa nyumbani ukazikwa kwa heshima Mtatsminda.

Ukiniuliza, makosa yalikuwa mawili. Yeye alidhani asilimia 86 ni ruhusa ya kunyamazisha hao wengine. Wapinzani wake nao wakadhani makosa ya rais ni ruhusa ya kulipua bunge. Georgia ililipa bili zote mbili, na mara ya kwanza rais kukabidhi mwingine mamlaka kwa kura ilikuwa 2013. Hiyo ni miaka 22 baada ya uhuru.

Wewe unaonaje: shujaa, dikteta, ama vyote viwili? Tuambie.