Perege wa Rukwa na Sisi Tukaao Juu

Wasomaji wetu walio Sumbawanga wanajua ya kuwa samaki wafikao sokoni kwetu hutoka pande mbili. Upande wa machweo hutoka migebuka na dagaa wa Tanganyika, wakipanda kutoka Kasanga na Kipili. Upande wa mawio hutoka perege, ambao wengi huwaita magege, wakipandishwa kutoka Kaoze, Muze, Ilemba na vijiji vingine vya bonde la Rukwa. Habari za Tanganyika husemwa sana, hata nje ya nchi. Habari za Rukwa husemwa kidogo, na za perege wake hazisemwi kabisa, ila siku ile bei inapopanda. Sisi twaona yafaa zisemwe kabla ya siku hiyo.

Perege huyu si perege wa popote. Wataalamu wawili wa Berlin walimwandika kwa mara ya kwanza mwaka 1903, wakampa jina la ziwa lenyewe, na hata leo vitabuni huitwa Oreochromis rukwaensis. Asili yake ni bonde letu hili. Umoja wa Kimataifa wa Uhifadhi wa Asili umemwandika katika Orodha yake Nyekundu miongoni mwa viumbe walio hatarini, na sababu kubwa ni kuvuliwa kupita kiasi. Basi mtu aliyekula perege kwa ugali jana jioni huenda alikula kitu ambacho wageni wangesafiri mbali ili wakione, wala yeye hakujua.

Tabia yake yapasa kujulikana, maana ndimo ulimo udhaifu wake. Dume huchimba kiota mchangani penye maji haba. Jike hutaga hapo, kisha huyachukua mayai kinywani mwake na kuondoka nayo. Huyatunza humo mpaka yaanguliwe, na hata watoto wakiisha kuogelea huwafungulia kinywa tena wanapoona hatari. Siku hizo zote jike huyo hali chakula, au hula kidogo sana. Kwa hiyo mvuvi akimtoa jike mmoja wakati huo, ametoa mama na mamia ya watoto kwa mkupuo mmoja. Na kokoro likiburutwa ufuoni halichagui: huvunja viota, hukokota wadogo kwa wakubwa, na kuacha mchanga mtupu.

Wako wazee wanaotujibu hivi: Rukwa ni ziwa la kupungua na kujaa, limekuwa hivyo tangu zamani za babu zao, na samaki hurudi maji yanaporudi. Neno lao ni kweli. Ziwa hili halina mto wa kutoa maji, hupokea tu, nalo ni la kina kidogo, hivyo mvua zikikosa miaka michache hujikunja kama ngozi juani. Mwaka 1929 urefu wake ulikuwa kama maili 30 tu. Mwaka 1939 ulikuwa kama maili 80. (Na pale maji yalipoacha nyika tupu ndipo nzige wekundu walipopata makao, jambo ambalo wazee hao hao hawalisahau.) Walakini zamani ziwa lilipopungua, samaki walikimbilia penye vina vilivyobaki na midomo ya mito kama Momba na Songwe, na huko walikutana na migono na nyavu za kamba zisizo nyingi. Leo wakikimbilia huko wanakuta nyavu za nailoni zimekwisha kutangulia. Ziwa laweza kurudi kama zamani, lakini samaki wa kulijaza hawarudi wasipobaki wa mbegu.

Tunao mfano karibu. Katika ziwa Victoria alikuwako perege aitwaye ngege, aliyekuwa samaki mkuu wa meza za watu wa huko. Nyavu za kutega za kigeni ziliingia upande wa Kavirondo mwaka 1905, na haikupita miaka mingi wavuvi wakaona wavu mmoja hauleti kama ulivyoleta. Serikali za wakati ule zikamtuma Bwana Michael Graham kuchunguza mwaka 1927 na 1928. Taarifa yake ya mwaka 1929 ilishauri kwamba tundu la wavu lisipungue inchi 5. Sheria ikawekwa. Lakini katika miaka ya 1950 upande wa Tanganyika na Uganda iliachwa, kwa kuwa kuisimamia kulikuwa kugumu na kila mtu alikwisha kuwa na nyavu ndogo. Miaka hiyo hiyo wakapandikizwa sangara na sato wa Nile. Leo ngege karibu ametoweka katika ziwa lake mwenyewe, amebaki katika viziwa vya pembeni na mabwawa alikopelekwa. Twaomba wenzetu wa ofisini waisome habari hiyo mara mbili, maana taarifa ilikuwako, sheria ilikuwako, na majalada bila shaka yalipangwa vizuri.

Sasa twaja kwenye neno lisilopendeza. Kila mara habari ya Rukwa inapozungumzwa barazani kwetu, lawama huangukia wavuvi wa makambi, au wafugaji waliohamia bondeni na ng'ombe wao. Hatusemi hawana sehemu yao. Lakini perege wa urefu wa kidole wanaouzwa mafungu mafungu, hununuliwa na nani? Mwenye fedha ya uhakika kila mwisho wa mwezi ni nani katika mji huu? Ni sisi. Mmoja wetu alipomwuliza mama mmoja sokoni kwa nini analeta wadogo namna ile, alijibiwa, "Mwanangu, wewe ndiwe uliyeniambia jana nikupunguzie bei." Hatukuwa na la kujibu.

Tena kuna udongo. Mto unaposhuka kutoka nyanda za Ufipa, zilizo kama meta elfu moja juu ya ziwa, hubeba kila kilicholegea huku juu na kukitupa penye viota. Wafipa wa zamani walilima kwa matuta ya mviringo, ntumba, wakizika majani ndani yake, na udongo ukakaa. Siku hizi watumishi wengi tuna mashamba mitelemkoni, nasi hulimisha kwa trekta au jembe la ng'ombe kufuata mtelemko, kwa haraka. Yule perege aliye chini hamjui mwenye shamba, lakini tope analijua.

Mwaka 2024 ziwa Tanganyika lilifungwa kwa wavuvi tangu tarehe 15 Mei mpaka 15 Agosti, ili samaki wazaliane. Wengi walinung'unika, na hatuwalaumu. Ni rahisi mtu mwenye mshahara kusifu kufungwa kwa ziwa, maana mshahara wake haufungwi. Kwa hiyo kwa Rukwa maoni yetu ni haya: kabla ya kufunga ziwa zima, yafungwe kwanza maji haba ya midomo ya mito wakati mvua zinapoyafunika majani ya ukingoni, maana humo wadogo hupata maficho na chakula; na wavuvi wenyewe, katika vikundi vyao vya ulinzi wa mialo, ndio waoneshe mipaka, kwa kuwa wao wanapajua kuliko ramani yetu. Mtu akinyang'anywa kokoro apatiwe njia ya kupata wavu halali. Wavu ukichomwa moto na mwenyewe akaachwa mikono mitupu, usiku huo huo ataazima mwingine mbaya zaidi. Wala asiletwe samaki mgeni kwa kisingizio cha kuongeza chakula. Victoria imekwisha kutufundisha hesabu hiyo.

Lililo mikononi mwetu wenyewe halingoji waraka wa mtu. Tunaleta mbele ya mkutano ujao wa tawi azimio kwamba wanachama wasinunue perege mfupi kuliko kiganja cha mtu mzima kilichonyoshwa, hata akiuzwa kwa bei ya kutupa, na kwamba wenye mashamba mitelemkoni waanze msimu huu kulima kwa kukingama. Wanaopinga waandike kwa Katibu kabla ya mvua za Novemba, na barua zao zitachapishwa hapa kama zilivyo.