Uzee si wazimu: tusivunje zawadi za wazee kwa maneno matupu

Siku hizi mtu akitaka kuvunja zawadi ya shamba, neno la kwanza kinywani mwake ni kwamba mzee aliyeitoa hakuwa na akili timamu. Husema hivyo kaka anayetaka kumnyang'anya dada yake igiseke, kile kipande alichopewa na baba yao. Husema hivyo ndugu aliyerejea kutoka Tanzania akakuta jirani analima ardhi ya babu. Husema hivyo mfanyabiashara wa Kobero ambaye mama yake alimpa mjukuu kibanda cha sokoni.

Mimi ni mwalimu. Wazazi wangu walikimbia Burundi mwaka 1972, nami nilizaliwa katika makazi ya Mishamo na kusoma Tanzania kabla ya kurejea. Wenzangu hunileta karatasi zao za mahakama niwasomee. Katika karatasi hizo naona mambo mawili yanachanganywa, na mchanganyiko huo unawaponza wenye haki.

Jambo la kwanza ni kama mali ilikuwa ya mtoaji. Ami aliyebaki nyumbani hawezi kugawa fungu la ndugu yake aliyekimbia, hata angekuwa na akili kuliko hakimu. Mwenye kesi ya namna hiyo hana haja ya kumwita marehemu mwendawazimu. Athibitishe kwamba fungu lilikuwa la baba yake, basi.

Jambo la pili ndilo la akili, na hapo sheria ina masharti yake. Kitabu cha Tatu cha Kanuni ya Madai, kilichotokana na dikrii ya Julai 30, 1888, kinataka katika mapatano ridhaa ya anayejifunga na uwezo wake wa kujifunga. Tena kinasema ridhaa iliyopatikana kwa makosa, kwa nguvu au kwa hila si ridhaa halali.

Ndugu zetu wa ng'ambo ya mpaka wanalo jibu linalofaa kuzingatiwa. Sheria ya Mikataba ya Tanzania, Sura ya 345, inasema katika kifungu cha 12 kwamba mtu ambaye kwa kawaida hana akili timamu, lakini mara nyingine akili humrudia, anaweza kufunga mkataba wakati akili imemrudia. Sheria hiyo inahusu mikataba, lakini hekima yake inafaa hata kwenye zawadi: linalopimwa ni siku ile mzee aliyotoa, wala si ugonjwa aliokufa nao miaka mitatu baadaye.

Kwa hiyo maswali ya kuuliza ni mepesi. Je, alijua anatoa shamba lipi? Alijua anampa nani, na ni watoto gani anawaacha? Alielewa kwamba halitarudi? Mzee anaweza kusahau jina la mjukuu lakini akakuonyesha mpaka wake mnyaa kwa mnyaa. Kutia dole gumba badala ya sahihi si wazimu. Kumpa binti badala ya mwana si wazimu pia.

Hata hivyo, mahakimu wasifumbe macho. Mzee mgonjwa anapotunzwa na mtu mmoja, akala kwa mkono wake, kisha hati ikatokea ambayo mashahidi wake wote ni wa nyumba hiyo hiyo, hapo pana haki ya kuuliza. Aliyepewa aeleze hati iliandikwa lini, nani aliisoma kwa sauti, na kwa nini watoto wengine hawakuitwa.

Nawakumbusha wenzangu jambo moja tena. Mashahidi na karatasi za zahanati vipelekwe mapema, kwenye mahakama ya kwanza. Mahakama ya Juu ikipitia hukumu kwa kasasheni huangalia kama sheria ilifuatwa, haianzi upya kusikiliza majirani. Aliyengoja hadi huko amechelewa.

Dawa bora ni kutoa mchana, watu wakiona. Mzee akitaka kugawa, awaite watoto wote, na walioko Kigoma au Tabora wapigiwe simu. Wazee wa kilima wawepo, mipaka ikanyagwe kwa miguu, hati isomwe kwa Kirundi, na tarehe iandikwe. Sheria ya ardhi ya mwaka 2011 ilifungua njia ya kupata cheti cha ardhi katika ngazi ya tarafa. Tuitumie.

Wafanyabiashara husema mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi tuliorejea tumeshapoteza ya kutosha kwa vita. Tusipoteze na heshima ya wazee wetu, kwa kuwaita wendawazimu wakiwa kaburini, wasipoweza kujibu.